Mama Vunja na Viti vya Shemeji Yake

Tarehe thelathini ya mwezi huu wa Juni, baada ya miaka thelathini na minne ya utumishi, mkuu wa chumba chetu cha kujaribia bidhaa za nyumbani atavua koti lake jeupe na kulirudisha stoo. Koti lenyewe lina matundu ya moto wa viberiti, doa la gundi lililokataa kila sabuni tuliyowahi kuipima, na mfuko mmoja tu kati ya mitatu. Mtunza stoo amekwisha kulitazama. Anasema alichotoa yeye mwaka ule kilikuwa koti. Hiki anachoambiwa akipokee hakijui.

Mama huyu wote tunamwita Mama Vunja, na jina hilo hakupewa na maadui. Kazi yake ilikuwa kuvunja. Kabla bidhaa ya kiwandani haijapigwa alama ya ubora na kwenda sokoni, lazima mtu aitese kwanza kwa niaba ya wananchi, na mtu huyo alikuwa yeye. Ndoo aliijaza maji akaiangusha kutoka juu ya paa. Ndala alizikunja na kuzikunjua mpaka zikakiri makosa. Sufuria aliziacha jikoni bila kitu ndani, akasimama pembeni amekunja mikono, kama mama anayengoja kuona mtoto atadanganya mpaka lini.

Mimi nimekaa chumba cha sabuni na rangi, mkabala na chake, karibu muda wote huo. Kishindo kikisikika ng'ambo ya korido, wageni wetu hushtuka na kushika viti. Sisi huendelea kukoroga.

Alipoanza kazi, viwanda vyetu vilikuwa vichanga na sifa zake zilikuwa za kusikitisha. "Cha hapa" lilikuwa tusi. Mteja akishika kitu dukani aliuliza kwanza, "Hiki cha nje au cha hapa?" na muuzaji akijikohoza tu, bei ilishuka. Kiberiti cha hapa kiliwaka kikipenda. Mwavuli wa hapa ulifunguka vizuri sana nyumbani. Ila ukikutana na mvua, ulijifunga wenyewe ukakuacha. Mama Vunja aliamini kwamba dawa ya aibu ile haikuwa kuwasihi watu wapende vya kwao. Dawa ilikuwa kuvivunja ndani, mlango umefungwa, ili visivunjike mbele za watu.

Wenye viwanda hawakumwelewa mara moja. Mwenye kiwanda cha kufuli alikuja mwenyewe na kufuli lake jipya ndani ya kisanduku cha kitambaa, akaanza salamu. Alipofika kuuliza habari za watoto, Mama Vunja alikuwa ameshalifungua kwa pini ya nywele na kumrudishia. Bwana yule aliondoka bila kumaliza salamu. Mwaka uliofuata alileta jingine. Mama Vunja, kwa uangalifu wake, alilifunga kwenye mlango wa stoo yeye akiwa ndani, ajaribu kutoka kama mfungwa. Akajaribu pini, akajaribu bisibisi, akajaribu maneno. Ilibidi seremala aondoe bawaba za mlango mchana wa saa nane. Tulitarajia atoke na machozi. Alitoka anacheka mpaka masikioni, vumbi hadi kwenye nyusi, akaomba muhuri wa alama ya ubora hata kabla ya maji ya kunywa.

Nyumbani nako hakupumzika. Mumewe, mwalimu wa hesabu na mtu mpole kuliko ubao wake, hutusimulia siku ya kwanza alipompeleka kwao kumtambulisha. Binti alikaribishwa kigoda. Badala ya kukaa, alikigeuza miguu juu, akakitazama chini, akakitikisa, ndipo akakaa na kutoa shikamoo. Mama mkwe alimnong'oneza mwanawe, kwa sauti ambayo nyumba nzima ilisikia, "Huyu amekuja kuolewa au amekuja kununua kigoda?"

Mwalimu alikuwa na mdogo wake wa kiume, na hapa ndipo sehemu ngumu ya kazi ya Mama Vunja inapoanza. Shemeji huyo alikuwa mtu wa kuthubutu. Alifungua kiwanda cha viti vya plastiki katika ghala lililokuwa la magunia, akaajiri majirani, wengi wao akina mama ambao hawakuwahi kuwa na kazi ya mshahara. Viti vyake vilikuwa vya rangi ya machungwa, vyepesi, vya kupendeza. Haukupita muda, mnunuzi wa nchi jirani akataka shehena nzima kwa ajili ya kumbi za mikutano. Sharti lilikuwa moja tu: alama ya ubora.

Shemeji hakuwa na wasiwasi. Alipita korido yetu anapiga mluzi, kiti begani, akisalimia kila mlango. Ndugu si yupo?

Kanuni ya wakati ule ilitaka kiti kibebe uzito kikiwa kimesimama sawasawa. Kiti cha Shemeji kilibeba, tena bila kulalamika. Lakini Mama Vunja alikuwa na jambo lake. Aliona kwamba hakuna binadamu anayekaa sawasawa. Mtu akishiba huegemea nyuma, akanyanyua miguu miwili ya mbele ya kiti, akaanza kueleza matatizo ya nchi. Basi alikuwa amejitengenezea mtu wa gunia la mchanga, mwenye kiuno cha bawaba na kamba ya kumvutia nyuma, akamvisha koti kuukuu la tarishi na kumwita Mgeni. Mgeni alifanana na mtu kiasi kwamba mkurugenzi mpya, katika ziara yake ya kwanza, alimsalimia mara mbili, kisha akalalamika kuwa chumba kile kina mfanyakazi mwenye kiburi.

Mgeni alikaa kwenye kiti cha Shemeji. Akavutwa nyuma. Mguu mmoja wa nyuma ukapasuka kama muwa.

Shemeji aliambiwa arekebishe. Alisema hakuna cha kurekebisha. Kanuni haisemi habari za watu walioshiba. Mkurugenzi alikubaliana naye, kwa sababu kwa kweli kanuni haikusema. Mama Vunja akajibu kwamba kanuni inasema pia kuwa mtumiaji alindwe, na aliomba apewe kwa maandishi amri ya kupitisha kiti alichokiona kikivunjika. Amri hiyo haijaandikwa mpaka leo. Kiti kikabaki bila alama, na mnunuzi akaanza kuuliza kulikoni.

Maneno yakaanza. Shemeji alisema mjini kote kwamba kikulacho ki nguoni mwako, kwamba serikali inahubiri viwanda asubuhi na mke wa kaka yake anavibomoa jioni. Waandishi wa habari wakampenda. Alimpigia simu shemejiye kazini, sauti ikasikika mpaka kwenye sabuni: "Shemeji, huna uzalendo hata kidogo?"

"Ninao," alisema Mama Vunja. "Kiti ndicho hakina. Mtu akianguka, anaanguka tu, awe mzalendo asiwe mzalendo."

Lakini msidhani lilikuwa jambo jepesi kwake. Kiwanda kilipositisha kazi, akina mama wale walikuja kusimama nje ya geti letu. Hawakupiga kelele. Mmoja wao alikuwa jirani yake wa ukuta kwa ukuta, waliyeazimana naye chumvi na pasi. Mama Vunja alitoka akawasalimia mmoja mmoja. Jirani hakuitikia. Mama Vunja alirudi ndani, akachukua kiti kingine kipya katika sampuli, akamkalisha Mgeni, akashika kamba. Nilikuwa nimesimama mlangoni kwake na kikombe changu, naye hakuniona. Alikuwa anakisemesha kile kiti, taratibu, kama anayemshika mkono mgonjwa.

"Kaza, mwanangu. Kaza. Simama basi."

Kikapasuka. Alikaa chini sakafuni, karibu na vipande, kwa kitambo. Kisha aliinuka akaandika kwamba hakikufaulu. Siku hiyo sikumtania, na mnaonijua mtajua hali ilikuwa mbaya.

Familia ikaitisha kikao. Shemeji, ili kumaliza ubishi, alileta viti vyake kumi na viwili, vipya, akavipanga sebuleni kwa mama yao. Wote walikaa isipokuwa mama mkwe, aliyesema magoti yake yamezoea kigoda chake. Mwenyekiti alikuwa baba mdogo wa Mwalimu, mtu mzito kwa mwili na kwa maneno. Alisikiliza pande zote. Walikula. Alishiba. Ndipo akaegemea nyuma kutoa hukumu, akaanza, "Kwa kweli mkwe wetu hapa umetukosea..."

Sentensi hiyo haijamalizika hadi leo.

Waliokuwepo wanakubaliana juu ya kishindo. Wanapotofautiana ni kwenye yaliyofuata. Kinachojulikana ni kwamba wakati watu wanakimbilia kumwinua mzee, Mama Vunja alikuwa ameshapiga magoti sakafuni, anachunguza mpasuko. Baba mdogo alimsamehe Shemeji kwa kumwangusha. Kilichomchukua muda mrefu kusamehe ni kwamba mkwe wake alikagua mguu wa kiti kabla ya kukagua mguu wake.

Mama mkwe, kutoka kwenye kigoda, alisema neno moja tu kwa mwanawe wa pili: "Mwanangu, kaongeze plastiki."

Tatizo halikuwa plastiki. Mama Vunja alimwonyesha Shemeji palepale sakafuni kwamba ufa unaanzia sehemu ileile kila mara, pale mguu unapokutana na kikalio. Kesho yake fundi wake wa kalibu, kijana mkimya aliyekuwa amelisema hilo tangu mwanzo bila kusikilizwa, alichonga mbavu tatu ndogo ndani ya kalibu, kile chombo cha chuma kinachokipa kiti umbo. Kiti kilichofuata kilivunjika pia, lakini kwa kuchelewa. Kilichofuata hicho kilichelewa zaidi. Shemeji aliacha kupiga simu akaanza kuja mwenyewe, akawa ndiye anayevuta kamba ya Mgeni, jasho likimtoka, huku Mama Vunja akisoma gazeti kwa makusudi. Siku kiti kilipokataa kuvunjika, Shemeji alivuta mpaka kamba ikakatika akaanguka yeye chali. Mama Vunja alimtazama, akakitazama kiti, akasema, "Hapo sawa."

Viti vile vilivuka mpaka. Akina mama wakarudi kazini kwa zamu mbili, na jirani akaja kuazima pasi kana kwamba hapakuwa na kitu, jambo ambalo Mama Vunja analihesabu kuwa tuzo yake kubwa kuliko ile saa ya ukutani aliyopewa na idara, ambayo ilisimama wiki ya kwanza.

Milango ya biashara ilipofunguliwa na viti rahisi vya nje vikamiminika kama mvua, wengi walidhani viwanda vya plastiki vya hapa vimekwisha. Shemeji alikuja kulia katika korido ileile. Mama Vunja hakumpa upendeleo. Aliwaletea wa nje Mgeni yuleyule, kwa kamba ileile. Wakala mmoja alipinga, akisema bidhaa zake zimepimwa kwao na mitambo ya kisasa. Mama Vunja alimkaribisha akae mwenyewe, aegemee, aeleze matatizo ya nchi. Wakala alifikiri kidogo, akasema atatuma kalibu ikarekebishwe. Kanuni ikabadilishwa mwaka uliofuata, ikataja watu wanaoegemea nyuma, na wataalamu wa nchi mbili jirani walikuja kumpiga picha Mgeni kutoka kila upande. Siku hizi wateja wa hapa mjini huuliza kiti "cha hapa" kwa sauti ya kawaida kabisa, na muuzaji hajikohozi.

Wiki mbili zilizopita Shemeji alifika ofisini kwetu amevaa suti. Alikuja kutuomba ruhusa, kwa heshima zote, amwajiri Mama Vunja kiwandani kuwa mkaguzi wake mkuu mara atakapostaafu. Tulifurahi. Mama Vunja mwenyewe alikubali, kwa masharti ambayo Shemeji aliyatia sahihi bila kuyasoma, masikini.

Juzi asubuhi ukaja ujumbe mwingine. Walikuwa wafanyakazi watatu wa kiwanda hicho, wakiongozwa na fundi wa kalibu, ambaye siku hizi si kijana wala si mkimya. Waliomba kuonana na mkurugenzi kwa faragha. Walileta ombi lililosainiwa na kiwanda kizima, pamoja na jirani wa pasi, wakiisihi serikali imwongezee mama huyu angalau miaka mitano ya utumishi, kwa maslahi ya taifa na usalama wa neva zao.

Mkurugenzi aliwajibu kwamba sheria ya kustaafu haina nafasi ya huruma.

Mama Vunja, asante kwa kila ulichokivunja ili kisituvunje sisi. Tunakutakia afya njema, usingizi wa mchana, na wajukuu wenye vitu vya kuchezea vilivyo imara. Na ninyi wa kiwandani, tunawaombea subira: Jumatatu ya kwanza ya Julai, saa mbili kamili, anakuja.