Mikono ya Dama na Nywele Zangu Nyeupe

Bwana asifiwe, watu wa Mungu! Na nyinyi mlioketi kule nyuma karibu na mlango, asifiwe tena, maana sauti zenu sikuzisikia. Kaeni vizuri. Mimi ni mzee, nikianza kusema sinyamazi upesi, na leo hata nia ya kunyamaza sina.

Jina langu ni Kadzo, lakini hapa Ganda wengi mnaniita Hawe, yaani bibi, hata wale ambao si wajukuu zangu. Mume wangu alifariki zamani. Naishi katika nyumba yangu ndogo ya makuti kando ya nyumba ya mwanangu Karisa. Nalima mihogo, na msimu wa korosho nachoma na kubangua mwenyewe. Moshi wa korosho si wa mchezo, umeniachia macho mekundu. Nywele nyeupe nimepewa na miaka. Sasa, ndugu zangu, mnajua bibi mwenye macho mekundu na nywele nyeupe huitwa nani huku kwetu. Mnacheka? Mimi sikucheka.

Wako wazee wenzangu wanaopaka nywele rangi nyeusi, na si kwa urembo. Wanaogopa kuitwa wachawi. Karisa mwenyewe aliniletea pakiti ya rangi hiyo kutoka Malindi. Akasema, "Mama, paka tu, na mimi nipate usingizi." Nikamwambia nitapaka, nikaiweka juu ya kabati, na hapo ikakaa. Nilimhurumia mwanangu, lakini pia niliona uchungu. Mtu afikie umri ambao wengine wameuomba na hawakuupata, halafu aufiche!

Basi ikafika harusi ya Dama, binti wa kwanza wa Karisa. Mchumba wake ni kijana wa Kilifi, mpole, wa kanisani. Alhamisi akaja msichana fundi wa piko, ule mchoro mweusi ambao maharusi wetu huupenda. Akamchora Dama maua nyuma ya mikono mpaka karibu na viwiko, na miguuni mpaka juu ya vifundo. Alipendeza! Viganja hakuvigusa. Piko ilipokauka nikamwita mjukuu wangu mkekani. Nikamshika viganja vyote viwili, nikatia funda la maji mdomoni, nikampulizia viganjani kumbariki, kama nilivyopuliziwa mimi na bibi yangu. Nikamwambia, "Nenda ukazae, ukalee, ukacheke na mumeo." Tukalia kidogo, tukacheka, nikaenda kulala kwangu nikiwa na furaha.

Ijumaa mikono ikaanza kumwasha. Jumamosi, siku yenyewe ya harusi, ilikuwa imevimba. Dama ni maji ya kunde, kwa hivyo wekundu haukujificha. Vipele vilikuwa vimeinuka, vingine vina maji, vinachuruzika. Mtoto analia, gauni limetundikwa ukutani, mapishi yako motoni. Kila aliyeingia chumbani alitoka na jina lake la ugonjwa. Huyu surua, huyu tetekuwanga, mwingine akasema ni moto wa jini. Kisha shangazi mmoja akauliza, "Na nani aliyemshika mikono mara ya mwisho?"

Ndugu zangu! Macho yote yakanigeukia mimi.

Mama Dama, mkwe wangu, ambaye tumekula naye sahani moja miaka yote hii, alichukua uji nilioupika akaumwaga nje mbele yangu. Simlaumu, na naomba nanyi msimlaumu. Mama akiona ngozi ya mwanawe inachubuka siku ya harusi, akili huondoka, ikabaki hofu peke yake. Mara ukaja ujumbe kutoka kwa wakwe wa Kilifi kwamba hawatatoka huko mpaka jambo hili lijulikane. Vijana wa ukoo wakanitoa, wakanikalisha chini ya turubai la harusi, kwenye kiti kilichoandaliwa kwa ajili ya wageni. Wakasema nipelekwe kwa mganga nikaapishwe leo leo, la sivyo. Hawakumaliza. Sote tulijua maneno yaliyobaki, maana tumewahi kumzika mzee wa jirani aliyeambiwa vivyo hivyo.

Karisa alisimama kati ya kiti changu na mlango wa nyumba. Namfahamu mwanangu. Alikuwa anararuka katikati, huku mama, huku binti. Nikainamisha kichwa nikaomba, na sala yangu ilikuwa fupi. "Yesu, mimi nimeshaishi. Lakini usikubali mwanangu awe na damu ya mamake mikononi." Asiwadanganye mtu, mwenye imani naye huogopa.

Na hapo, Bwana asifiwe, mlango wa nyumba ukafunguliwa! Dama akatoka amejifunga leso, bila gauni, bila kilemba, uso umevimba kwa kulia. Akaja mpaka nilipokaa, akasimama mbele yangu.

"Baba," akasema, "Hawe alinishika wapi?"

Karisa, ambaye Alhamisi alikuwa akitutazama pale mkekani, akajibu, "Viganjani."

"Na maji alinipulizia wapi?"

"Hapo hapo."

Akafungua mikono yake miwili kwa watu wote. "Haya, tazameni viganja."

Vilikuwa safi, ndugu zangu! Havina kipele hata kimoja. Kisha akageuza mikono, na kila mtu akaona kwamba ule wekundu haukutapakaa ovyo. Ulifuata maua. Palipopita mchoro pamevimba, na katikati ya ua na ua ngozi ni nzima. Akainua leso kidogo, na miguuni ilikuwa vivyo hivyo. "Na miguuni Hawe alinishika lini?" akauliza. Yule shangazi akaanza kuvitazama viatu vyake.

Karisa akaja mpaka kwenye kiti changu. "Tunakwenda hospitali," akasema, "na Mama anakuja nasi." Akanishika mkono akaniinua mwenyewe. Nililia njia nzima mpaka Malindi.

Tukampata daktari, mwanamke kijana mwenye subira. Hakuuliza nani ana wivu na nani. Aliuliza umegusa nini, umepaka nini, ulianza lini, una homa, nyumbani kuna mwingine anayejikuna? Dama akamwambia habari za piko. Daktari akatikisa kichwa. Akatueleza kwamba hina yenyewe kwa kawaida haina taabu, lakini piko nyingi siku hizi huchanganywa na rangi nyeusi ya nywele, na ngozi ya watu wengine huikataa. Karisa akabisha kidogo, akasema mbona Dama alichorwa kwenye harusi ya rafiki yake na hakudhurika? Daktari akasema ndivyo inavyokuwa. Mara ya kwanza mwili huijua, mara nyingine huipiga vita. Huo unaitwa mzio. Hata yule msichana fundi hakukusudia ubaya.

Nikamwuliza, "Mwanangu, sasa sisi tusiosoma tutajuaje?" Naye hakuona taabu kunieleza. Alisema surua huja na homa, mafua na macho mekundu kwanza, kisha vipele huanzia usoni vikishuka. Tetekuwanga ni malengelenge yaliyotawanyika mwili mzima, mengine yanakauka na mengine ndiyo yanatoka. Upele ule wa kuambukizana huwasha zaidi usiku, hukaa katikati ya vidole, na mara nyingi utakuta nyumba nzima wanajikuna. Choa huchora duara. Harara hupenda jasho, shingoni na makwapani. Mkanda wa jeshi hukaa upande mmoja wa mwili na huchoma hata kabla vipele havijatoka, na ule uvumi kwamba mkanda ukikutana mtu hufa, akasema tuuache. Mzio wa kitu kilichogusa ngozi, huo mara nyingi hukaa pale kilipogusa. Ukivaa saa, ni mahali pa saa. Ukichorwa maua, ni maua.

Akaongeza jambo ambalo nataka mlichukue nyumbani. Kwenye ngozi nyeusi kama yangu wekundu hujificha, huonekana kama rangi ya zambarau au weusi uliozidi, kwa hivyo tuguse tusikie joto na uvimbe, tusitegemee macho peke yake. Na mtu akivimba midomo au akikosa pumzi, akiwa na homa kali, vidonda mdomoni, ngozi inayobanduka, au madoa yasiyofifia ukiyabonyeza kwa gilasi, asisubiri chochote. Hospitali mara moja.

Dama alipewa dawa ya kupaka na vidonge. Mwasho ukapungua, uvimbe ukashuka, wakwe wa Kilifi wakaridhika walipoambiwa chanzo, na baada ya muda akaolewa, mikono yake ikiwa bado na alama za maua yaliyopauka. Mama Dama alikuja nyumbani kwangu na uji. Akakaa mkekani, akaonja yeye kwanza kisha akanipa. Nikanywa wote. Tulikumbatiana tukalia kama watoto.

Ndugu zangu, nimewaambia haya si kwa kujisifu. Bwana aliniokoa kwa mdomo wa mtoto yule yule waliyesema nimemroga. Mkiona ngozi imebadilika, ombeni, ndiyo, ombeni sana! Lakini ulizeni pia imegusa nini. Mtumainini Mungu kiasi cha kumpeleka mgonjwa hospitali kabla hamjamtafuta mchawi.

Lipo moja la mwisho, kisha nitakaa. Tulipokuwa tunaondoka, daktari alimwambia Dama asipake tena piko, wala rangi nyeusi ya nywele, maisha yake yote. Nilirudi nyumbani nikaiteremsha ile pakiti juu ya kabati, nikamrudishia Karisa. Akaitazama, akanitazama, akaenda kuitupa chooni.

Kwa hivyo Dama wangu siku moja atakuwa na nywele nyeupe kama hizi zangu, tazameni, na hatakuwa na rangi ya kuzifichia. Mimi huenda sitakuwepo kumshika mikono. Nawaomba nyinyi, watu wa Ganda, mpeni Yesu hofu yenu leo, ili mjukuu wangu akizeeka alale usingizi.

Mungu awabariki. Sasa nakaa.