Saa ya Bi Remedios na Barua za Wino wa Kijani

Ijumaa tarehe 28 Novemba 2014, Bi Remedios Ocaranza atafunika mashine yake ya kuandikia na kustaafu, baada ya kuitumikia Alondra, nyumba yetu ya uchapishaji, miaka thelathini na mitano. Kesho yake atapanda basi la saa nne asubuhi kwenda kwao Xalapa, ambako, kama sote tujuavyo, kuna mtu atakayempokea kituoni. Kwa sababu ya mtu huyo nimeomba kuuandika wasifu huu mimi, Evaristo Lozoya, mpiga picha wake wa zamani, ingawa daktari ameniambia nisihesabu kuiona Krismasi.

Alikuja mwaka 1979 akitokea ualimu, awe mwandishi wetu wa hadithi. Sisi tulikuwa tukichapisha hadithi za picha za watu wazima, vile vijitabu ambavyo mtaa wetu mzima wa Doctores ulivisoma na hakuna aliyekiri kuvinunua. Wahusika wetu walivua nguo ukurasa wa pili. Bi Remedios akaweka sheria yake: hapana kuvua hata kiatu mpaka mmoja amwambie mwenzake kitu anachokiogopa. Bosi wetu, Fidencio, akawaka. "Wee Remedios, watu wananunua kuona miili, hawataki habari za hofu!" Akajibiwa bila mkono kuinuka kwenye mashine: "Mwili usio na siri ni nyama ya buchani, bosi. Basi kafungue bucha."

Hadithi yake iliyopendwa kuliko zote ilikuwa ya mke ambaye mumewe anarudi kutoka machimboni baada ya miaka sita. Hamkumbatii. Anamvua saa ya mkononi, anaitia ufunguo, anaiweka karibu na mto. Niliipiga picha hiyo mara kumi na moja, na waigizaji wote wawili walikuwa wanalia. Chayo wa chumba cha kupanga herufi akachungulia, akasema, "Jamani, hawa wamevaa mpaka soksi, mbona mimi ndiye naona haya?"

Hata hivyo, mwaka 1984 Fidencio aliamuru hofu zifutwe, miili ibaki. Bi Remedios akaandika barua ya kuacha kazi. Wiki hiyohiyo ikafika barua ya msomaji kutoka Xalapa, kwa wino wa kijani: "Tangu mke wangu afariki, hakuna aliyenigusa isipokuwa yule mwanamke aliyeitia saa ufunguo." Fidencio akaisoma mara mbili. Sheria ikarudi. Bi Remedios akabaki, akawa anamjibu mtu wake katika ukurasa wa barua, kila toleo.

Kila aliyefanya kazi kwetu anajua kwamba barua za wasomaji ziliandikwa na sisi wenyewe, kwa zamu, nafasi isibaki tupu. Bi Remedios mwenyewe aliandika nyingi. Hiyo moja tu hakuishuku, na hakuna aliyemwambia, kwa kuwa hakuna aliyejua. Niliiandika mimi, kwa mkono wa kushoto, na binamu yangu akaitia posta Xalapa. Niliendelea miaka kumi na tisa. Mtu wa Xalapa alikuwa na maneno ambayo mpiga picha wa chumba cha pili hakuwa nayo.

Machi 2003 kiharusi kiliuua mkono wangu wa kushoto. Binamu alikuwa ameshazikwa. Nikajua barua zimekwisha.

Aprili ikafika nyingine. Wino uleule, mwandiko uleule, na ile herufi ya mwisho ninayoikunja vibaya. Bi Remedios alitusomea kwa sauti wakati wa kahawa, akacheka alipofika chini: "Umesikia, Evaristo? Mpenzi wangu anakusalimia. Anasema upumzishe mkono."

Zimekuja kila mwezi tangu hapo. Sijui anayeziandika. Nilinyamaza miaka kumi na mmoja kwa woga, nikauita woga huo huruma. Sasa huyo asiyejulikana anamwandikia Bi Remedios kwamba Jumamosi atakuwa kituoni na saa iliyosimama, ili amtilie ufunguo.

Jumanne hii bahasha ilikuja kwa jina langu. Ndani mna mstari mmoja, kwa wino uleule wa kijani: "Mwambie tu ukweli. Bado atakuja."

Basi nimesema, na nimeomba usomewe haya kabla keki ya kukuaga haijakatwa. Bi Remedios, Alondra inakushukuru kwa kuwafundisha watu wa mji huu kwamba mapenzi huanza kabla ya vifungo. Mimi nakuomba radhi. Tunakutakia njia nyeupe na siku nyingi za raha. Ukishuka kwenye basi ukamkuta, nakusihi ushike sheria yako: usiiguse saa hiyo mpaka akwambie anachokiogopa.