Mzee Spika, Kinywa Chetu kwa Mungu Asiyesikia

Ndugu waombolezaji, nani kati yenu hajawahi kumtuma marehemu? Asimame tumwone. Hakuna, na sisi wa familia tuliokaa hapa mbele hatusimami pia, kwa hiyo tusikilizane kwa adabu, maana historia hii ni yetu wote.

Marehemu, mliyemzoea kwa jina la Mzee Spika, alizaliwa tarehe 9 Mei 1957 katika nyumba za wafanyakazi wa reli, mtoto wa tatu wa fundi wa breki, na inasemekana alilia kwa nguvu hata dereva wa treni ya mizigo akasimama akidhani anaitwa. Alisoma shule ya msingi ya hapohapo relini, akitolewa nje mara kwa mara kwa kosa la kunong'ona, kwa sababu kunong'ona kwake kulifika ofisi ya mwalimu mkuu, akamaliza kidato cha nne mwaka 1974, na Januari iliyofuata akaajiriwa stesheni kama mtangazaji, kwenye kile chumba cha kioo chenye feni moja na kiti kilichofungwa kwa waya, ambako aliwaambia abiria kwamba treni imechelewa kwa upole kiasi kwamba wengine walimshukuru.

Mwaka 1981 alimwoa karani wa tiketi wa dirisha la pili, aliyeijibu posa yake kwa kusema, "Sawa, lakini nyumbani usitangaze," wakajaliwa mabinti wawili na mvulana mmoja, yule mwenye digrii ambaye kazi bado inamtafuta.

Mwaka huohuo Baraza la Sikio lilimchagua awe Kinywa. Kwa wageni waliopo, imani yetu inafundisha kwamba Mungu aliumba radi kabla ya kitu kingine chochote, akiwa ameisogelea mno, ikamziba masikio, ndiyo maana kila Siku ya Sikio mtu mmoja hupanda mwamba ulio nyuma ya ghala la nafaka, huingiza kichwa kwenye tundu la jiwe, na kumpigia Mungu kelele za maombi ya mji mzima, akiwa ameyashika yote kichwani, bila karatasi na bila kipaza sauti, kwa kuwa Baraza lilishaamua kwamba Mungu hasikii sauti ya chuma, ingawa mwenyekiti wake hata kusema "karibuni" hutaka maiki mbili.

Mlimtuma, ndugu zangu. "Spika, mwambie mvua," "Mjomba, mkumbushe ile nyumba," "Shemeji, huyu mume wangu, ama abadilike ama amchukue," naye aliyabeba yote, akashuka macho mekundu, akanywa maji ya uvuguvugu huku mkewe akimwitikia salamu za watu. Hata familia ilimtuma, mwaka baada ya mwaka, kuhusu ajira ya yule mvulana, na with all due respect kwa Mungu, huenda kule ndani ilisikika "ajali".

Siku ya Sikio ya mwaka 1994, akiwa ameshaanza kupanda mwamba, mama mshonaji, jirani yake wa ukuta mmoja, alimshika shati akasema, "Kaka, mwanangu ana homa, usimsahau," naye akaitikia, akapanda, akapaza maombi ya wengine wote, likiwemo la mwenyekiti kuhusu cheo, akashuka, na alipouona uso wa yule mama ndipo akakumbuka. Akaulizwa, "Umemwambia?" Akasema, "Nimemwambia." Jua likiwa bado juu alikimbilia Baraza kuomba apande tena, akajibiwa kwamba Sikio likifungwa limefungwa hadi mwakani, fulustopu, na wiki iliyofuata mtoto akafa, marehemu akarudi kuungama, mwenyekiti akamwambia, "Basi mtoto huyo yuko juu ya ulimi wako, utamlipia kwa kupanda."

Akapanda. Tangu mwaka huo alianza kila mara na jina la mtoto ambaye homa haikuwa tena na la kumfanya, hakumkatalia mtu ombi, hata la timu ya mpira, na hakupita mbele ya cherehani ya jirani yake bila kutazama viatu vyake mwenyewe. Nje ya Baraza, siri hiyo aliiweka kwa mkewe tu, mkewe akaombwa anyamaze, akanyamaza.

Alistaafu kazi ya stesheni mwaka 2017, na Machi 2019 sauti ikaanza kukwaruza, tarehe 6 Juni daktari akaona uvimbe kooni, akataka upasuaji wa haraka na kelele mwiko. Baraza likaja nyumbani na matunda, mwenyekiti akasema, "Mwaka huu tu, mzee wetu, watu wamekuzoea wewe," na sisi, badala ya kuwaonyesha mlango, tuliwaonyesha viti, tukawamiminia chai, maana kila mmoja wetu bado alikuwa na ombi lake. Siku ya Sikio, mwezi Agosti, alipanda, akashushwa mabegani mwa watu, kifua cha shati kina damu.

Wodini, mama mshonaji aliketi kando yake, mke akaona sasa basi, akamweleza yote, na yule mama akamshika marehemu mkono akasema, "Kaka, nilijua siku ileile, wewe uongo huuwezi. Mwanangu alikosa sindano, zahanati haikuwa na dawa. Nilidhani unaninyima macho kwa huzuni." Marehemu akatikisa kichwa, akakataa, na tarehe 2 Novemba 2019 asubuhi akafa akimwamini mwenyekiti kuliko mama mzazi wa yule mtoto.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi, majirani waliopika na kufagia, na wenzake wa stesheni waliosimamisha matangazo asubuhi ile.

Mwenyekiti wa Baraza, umekaa mstari wa kwanza. Mwaka 1994 kamati ya zahanati ilikuwa chini yako, na dawa zile ni wewe uliyesahau kuziagiza. Waliomsahau mtoto walikuwa wawili, akabebeshwa mmoja. Simama umwambie marehemu hivyo, mama mtoto akisikia. Familia haitamtakia apumzike kwa amani kabla hujamwambia, na jeneza halishuki. Sema.