Mbluberi wa Fundi Thadei

Kijiwe chenyewe ni benchi moja la mbao nje ya kibanda cha fundi Thadei, Kawajense, Mpanda mjini. Cherehani imefunikwa kitenge tangu macho yake yaingie ukungu na daktari kumwambia mishipa imeshakufa. Amri muuza kahawa, wanayemwita Wizara, hutua birika lake hapo kila asubuhi. Optatus, aliyebatizwa Profesa kwa kufeli darasa la saba mara mbili, huwahi kuliko birika. Miguuni pao ipo ndoo ya rangi iliyotobolewa chini, na ndani yake mbluberi, mti mfupi wa nchi za baridi unaozaa matunda madogo ya buluu. Suzana, binti yake Thadei aliyeolewa Njombe, aliutuma kwa basi: "Baba, wanasema matunda yake ni dawa ya macho."

Asubuhi hiyo Thadei aliuliza, kama kila siku:

— Umechipua?

— Bado kidogo, fundi, alisema Profesa. Mti wa baridi huo, kiangazi unalala. Na aliyelala usimwamshe, ukimwamsha utalala wewe.

— Unalala tangu Pasaka?

— Unataka udongo wenye uchachu tu, alidakia Wizara, akiumwagia machicha ya kahawa. Haba na haba hujaza kibaba.

— Uchachu hautoshi! Tuuweke kwenye friji ya buchani wiki moja, udhani umefika kwao.

— Utaogopa nyama, Profesa. Bora tuuwekee redio, usikie Kibena cha kwao Njombe.

Thadei alicheka. Siku hizi ni mabishano hayo tu yanayomtoa kitandani. Akapapasa ukingo wa ndoo, akamimina kikombe cha maji. Matawi walimkataza kugusa, eti yatashtuka.

Akatokea mama mmoja na suruali mkononi, Capitoline, mgeni kutoka Kibaoni, akitafuta fundi.

— Shikamooni. Samahani, huo mti mkavu mnaumwagilia wa nini?

Wizara akafunika birika. Profesa akakohoa.

Thadei alipeleka mkono juu ya ndoo. Kijiti kikakatika, tk. Akashika kingine, nacho tk.

— Profesa.

— Naam, fundi.

— Mti ulikufa lini?

— Muda mfupi tu baada ya Pasaka. Mimi niliutia majivu, nikidhani mbolea, yakauunguza. Halafu... ulivyokuwa unauliza kwa furaha, nani angekwambia?

Thadei alivirudisha vijiti ndani ya ndoo. Kisha akageuka kumtafuta yule mama, akakosea upande.

— Mama, suruali mpelekee fundi wa sokoni. Mimi ni kipofu.

Ilikuwa mara yake ya kwanza kulitamka neno hilo.