Clariidae Si Mwekezaji: Miaka Thelathini na Minne ya Bi. Nanyokie Mepukori

Bi. Nanyokie Mepukori, Afisa Uvuvi, anastaafu leo, tarehe 12 Agosti 2025, baada ya kuutumikia umma kwa miaka thelathini na minne, mwezi mmoja na siku kumi na moja. Siku hizo kumi na moja amezihesabu mwenyewe. Rasimu ya kwanza ya wasifu huu haikuwa nazo, akairudisha mezani kwangu imejaa wino mwekundu. Mimi, Gideon, afisa mifugo niliyekaa naye chumba kimoja hapa Karatu kwa miaka kumi na tatu, nimeshazoea wino huo.

Alizaliwa Endulen, katika boma ambalo samaki hakuwa chakula wala mazungumzo. Alipochaguliwa kwenda kusomea uvuvi Mwanza alirudi nyumbani kuaga. Mama yake alimsikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza, "Kwani ng'ombe wameisha?" Hakumzuia lakini. Alimfungia shuka mbili na kibuyu cha maziwa, akamwambia samaki wakimshinda arudi. Hawakumshinda. Wiki ya kwanza chuoni alikula ugali kwa chumvi, wiki ya pili akafumba macho na kuonja sato, na kufika mwisho wa mwezi alikuwa akigombea kichwa.

Aliajiriwa tarehe 1 Julai 1991. Alianzia kwenye mialo ya Mwanza, pale mitumbwi inaposhushia samaki, akahamia Mto wa Mbu, na mwaka 2001 akaletwa Karatu kushughulikia Ziwa Eyasi na mabwawa ya wafugaji wa samaki. Wavuvi wa Eyasi hawakuchukua mwezi kumpa jina la Mama Samaki. Mwaka 2012 aliazimwa kwenda Sale kuwasaidia wakulima waliochimba mabwawa ya perege kando ya mifereji yao. Wafugaji waliopita hapo wakitokea Arash walisimama kumtazama akiwalisha samaki pumba, na mmoja akamuuliza kwa Kimaasai, uso mkavu kabisa, kama hao nao wanakamuliwa asubuhi na jioni. Alimjibu kwamba hawa hukamuliwa mara moja tu, na kwa kisu.

Ukali wake wote aliuweka kwenye majina ya samaki. Ripoti iliyoandikwa "clariidae," jina la kitaalamu la familia ya kambale, kwa herufi ndogo ilirudi kwa mwandishi kabla chai haijapoa. Jina la familia, alitufundisha, huanza kwa herufi kubwa na huandikwa wima. Yale majina mawili ya samaki mwenyewe, kama Clarias gariepinus ambaye ndiye kambale wetu wa Eyasi, hayo ndiyo ya kulazwa, au kupigiwa mstari kama unaandika kwa mkono. Dereva wetu Elirehema aliyashika masomo hayo kwa namna yake. Pikipiki za ofisi akaziita Pikipikidae, na kila saa nne asubuhi alipita milangoni kututangazia kwamba Chapatidae wamefika. Bi. Nanyokie alimkosoa jambo moja tu: akiandika, asisahau herufi kubwa.

Lakini jina hilohilo la Clariidae ndilo lililomletea siku ngumu kuliko zote za utumishi wake, na mwenyewe ameniomba niisimulie leo bila kuipamba.

Ilikuwa Septemba 2017. Ziwa lilikuwa limerudi nyuma mpaka mitumbwi imelala kwenye tope lililopasuka. Kambale walikuwa wamekusanyika kwenye vidimbwi vitano vilivyobaki mdomoni mwa mto, na watu waliingia humo na mapanga, wakikata majike yenye mayai pamoja na vitoto. Bi. Nanyokie alikaa huko siku nzima akihesabu, akarudi ofisini. Aliona kwamba vidimbwi vile vikimalizwa kabla ya mvua, ziwa litakapojaa hakutakuwa na mbegu.

Akaandika tangazo. Zamani aliwahi kuandika "kambale," na wavuvi waliotoka kando ya Ziwa Victoria wakamwambia kwamba wao hawajavua kambale, wamevua mumi. Samaki ni huyohuyo. Safari hii alitaka neno lisiloacha upenyo, na neno la namna hiyo alikuwa nalo. Tangazo likasomeka: "Ni marufuku kwa mtu yeyote kuvua samaki wa familia ya Clariidae katika vidimbwi vyote vya mdomo wa mto kwa muda wa miezi mitatu." Likapigwa muhuri, likabandikwa kwenye mlango wa ofisi ya kijiji na kwenye banda la mwaloni. Mimi nililisoma kabla halijatoka. Nilihakikisha herufi C ni kubwa, nikasema liko sawa.

Siku ya tatu tukasikia minong'ono sokoni Karatu kwamba Eyasi imeuzwa. Mnunuzi ni familia ya Wazungu, jina lao Klariide, na wanajenga hoteli. Wengine walishamwona hata mke wa huyo Klariide, amevaa kofia pana. Tulicheka sana. Bi. Nanyokie hakucheka. Alimwambia Elirehema awashe gari.

Tulipokaribia mwalo tulikuta magogo yamelazwa barabarani, na nyuma yake watu wapatao mia mbili. Kijana mmoja aliingiza mkono dirishani akachomoa ufunguo wa gari. Mbele yao wote alisimama Sifa, mkaushaji samaki, mama wa watoto watatu, ambaye Bi. Nanyokie mwenyewe ndiye aliyemfundisha kujenga tanuri la kubanikia. Ningependa kuandika kwamba sikuogopa. Nilikuwa nimeshatoa simu kupiga polisi.

"Irudishe mfukoni," Bi. Nanyokie aliniambia, akafungua mlango na kushuka.

Sifa hakumwamkia. "Mama, tumekuamini miaka yote," alisema. "Ulipotuambia nyavu za matundu madogo tuchome, tulichoma. Leo tuambie wewe mwenyewe, hao Klariide umewapa ziwa letu lini?"

Watu wakapiga kelele. Mmoja akasema wamfungie bandani mpaka Mzungu wake aje kumkomboa. Bi. Nanyokie alingoja. Kelele zilipopungua aliomba tangazo lake. Lilitolewa bandani, akampa Sifa alisome kwa sauti. Sifa akasoma: ni marufuku kwa mtu yeyote kuvua samaki wa familia ya Klariide.

Pembeni alikuwepo mzee Lekoko, mfugaji anayenywesha ng'ombe wake mtoni hapo. Bi. Nanyokie akamwonyesha kwa heshima. "Nikikwambia ng'ombe wa familia ya Lekoko, wewe Sifa unaelewa nini?"

"Naelewa ng'ombe ni wa Lekoko. Sasa kuna kingine cha kuelewa?"

Hapo nilimwona Bi. Nanyokie akikunja uso kama mtu aliyejikwaa kidole. Alilichukua tangazo, akalisoma tena polepole, midomo ikicheza, safari hii akilisoma kama wao. Mwishowe alisema, "Hakuna kingine. Mmeelewa vile nilivyoandika. Kosa ni langu, na naomba mnisamehe."

Nadhani watu hawakuwa wamejiandaa kusikia hilo kutoka kwa mtu mwenye muhuri.

Akavua viatu, akaingia kwenye kidimbwi cha karibu mpaka magotini, sketi ya kazi na yote. Haikuchukua muda akaibuka na kambale wa urefu wa mkono, anajipinda na kumrushia tope usoni. "Klariide ndiye huyu," alisema. "Sina mwingine. Hana hoteli."

Mtu mmoja alicheka, kisha wengine. Akawaeleza akiwa mumo humo majini. Wataalamu, alisema, wanawapanga viumbe kwa koo, kama Wairaqw walivyo na koo zao, na Wadatoga, na Wamaasai wenzake. Kambale ana ndugu zake Afrika na Asia, wote wenye sharubu na ngozi isiyo na magamba, na ukoo wao mzima unaitwa Clariidae. Jina hilo halimilikiwi na mtu. Ni la samaki wenyewe. Lile -idae la mwishoni ni kama alama tunayomkata ng'ombe sikioni, mtu akiiona popote duniani anajua ametajiwa ukoo na si mnyama mmoja. Na mzizi wa jina ni neno la Kigiriki lenye maana ya mchangamfu, mwenye uhai, kwa sababu kambale ukimtoa majini hafi upesi. Anapumua hewa, anatambaa na tope, anasubiri.

Mzee Lekoko alimtazama yule samaki kwa muda. "Basi wamempa jina lake," alisema.

Ungedhani mambo yaliishia hapo. Kijana wa ufunguo alikuwa ameshaurudisha kwa Elirehema. Lakini Sifa alibaki palepale alipokuwa.

"Mama, nimeelewa Klariide ni kambale," alisema. "Hiyo miezi mitatu watoto wangu watakula nini? Hilo nalo uliliandika wapi?"

Nilitegemea amjibu kwa sheria, maana sheria anaijua. Badala yake alimwachia kambale aende zake, akatoka majini, akasimama mbele ya yule dada. "Sikuliandika," alisema. "Sikumwuliza mtu." Kisha akalichana tangazo vipande vinne, muhuri ukiwemo, akaomba karatasi.

Tulikaa mpaka alasiri. Wavuvi wenyewe ndio walioonyesha vidimbwi viwili ambamo majike makubwa hujificha, tena kimojawapo Bi. Nanyokie hakukijua. Walikubaliana viwili hivyo vifungwe mpaka mto ushuke na maji mapya, vitatu vivuliwe kwa ndoano tu bila panga wala wavu, na kila siku watu wanne walinde kwa zamu. Tangazo jipya liliandikwa kwa mkono wa Sifa, likataja kambale, mumi na kambare, mkubwa na mdogo. Alipofika mwisho aliinua kalamu.

"Na lile jina lao la ukoo tuliweke," alisema, "asije mgeni akasema kwao anaitwa vingine."

Bi. Nanyokie akamtajia herufi moja moja. I mbili zilimsumbua kidogo. Herufi ya kwanza aliiandika kubwa bila kuambiwa.

Ofisini hatukupokewa kwa makofi. Kuchana waraka wenye muhuri wa serikali mbele ya hadhara ni kosa, na Bi. Nanyokie alitakiwa kujieleza kwa maandishi. Nilimshauri aseme lilichanika kwenye vurugu, nani angebisha? Alinitazama mpaka nikaona haya, akaandika kwamba alilichana kwa mikono yake kwa kuwa lilikuwa tangazo baya, na mwandishi wake ni yeye. Alipewa barua ya onyo. Kupandishwa kwake daraja kulisogezwa mbele miaka miwili. Kuhusu hilo sikuwahi kumsikia akilalamika, ingawa siku barua ilipofika hakunywa chai, na alifunga dirisha la upande wake mchana kutwa.

Mvua zilinyesha mwishoni mwa Novemba. Mto ulishuka na maji mekundu, vidimbwi vikaungana na ziwa, na walinzi wa zamu wakayaona majike yakitoka kwa makundi kwenda kwenye majani yaliyofunikwa na maji kutaga. Msimu uliofuata kambale walipatikana. Sitaandika idadi, kwa sababu Bi. Nanyokie angedai nionyeshe nilivyohesabu. Naandika tu kwamba tanuri la Sifa liliwaka, na kwamba leo Sifa ndiye mwenyekiti wa kikundi cha wavuvi wanaolinda ziwa. Yuko hapa ukumbini, mstari wa pili.

Tangu siku ile hakuna tangazo lililotoka kwenye chumba chetu kabla halijasomwa kwa sauti mbele ya mtu litakayemgusa. Mwanzoni nililiona jambo hilo ni usumbufu. Nimewahi kusimama juani Endulen nikimsomea bibi mmoja tangazo la chanjo ya ng'ombe, naye akanisahihisha mara tatu, na mara zote tatu alikuwa sahihi. Wapo maafisa vijana wanaodhani huo ni utaratibu wa serikali. Si utaratibu wa serikali. Ni wa Bi. Nanyokie.

Kwa hiyo, kwa niaba ya wafanyakazi wote, tunakushukuru, mama yetu. Tunakushukuru kwa wino mwekundu, kwa safari ndefu za vumbi ulizotuimbia nyimbo za Endulen bila kuombwa, na kwa kutuonyesha kwamba mtu anaweza kusema "nimekosea" mbele ya watu mia mbili na kesho yake akaamka, akaenda kazini.

Kamati ya sherehe ilimwuliza angependa zawadi gani. Tulikuwa tumeshajiandaa kwa friji. Alifikiri siku mbili, akajibu kwamba katika miaka yote hii amepanda mitumbwi ya Eyasi mara nyingi asizoweza kuzitaja, na kila mara alikuwa amepanda kukagua: kupima matundu ya nyavu, kuhesabu samaki, kuandika majina. Hajawahi hata siku moja kupanda tu. Sifa na kikundi chake wamelichukua ombi hilo. Jumapili hii, ziwa likiwa limetulia, watampeleka katikati ya maji na kumkalisha bila daftari wala kalamu, na tumeelezwa kwamba watamkagua mifuko kabla hajapanda.

Safari njema, Bi. Nanyokie. Tunakuombea afya, usingizi mtulivu na siku nyingi za kutazama maji bila kumwandikia mtu ripoti.