Avis Pettingale na Ubao wa Maji wa Coldhythe

Mchungaji, ndugu, majirani na marafiki mliofika katika kanisa letu la Coldhythe leo Jumatano tarehe 5 Aprili 2023, mimi naitwa Gerald Strudwick, marehemu ni shangazi yangu, dada wa baba, na nimepewa kazi hii kwa sababu watoto wake walisema wao wangelia na mimi ningeongea tu. Najua wengi wenu mmekaa hapo mkisubiri nifike kwenye yale magari kumi na moja, nitafika, ila yatakuja kwa zamu yake, na safari hii mtasikia ilivyokuwa kweli, kwa sababu jina la shangazi limeyabeba magari yale miaka arobaini na sitaki aingie nayo kaburini.

Marehemu Avis Doreen Pettingale alizaliwa tarehe 9 Machi 1941 hapa hapa kijijini, katika nyumba ya pili kutoka gatini, akiwa mtoto wa tatu na wa mwisho wa Albert Strudwick, mvuvi wa chaza, na mkewe Nora, na bibi alikuwa akitusimulia kwamba mkunga alikwama ng'ambo ya barabara ya chini, ambayo bahari huifunika kila inapojaa, kwa sababu maji yalikuwa yamejaa, ikabidi avushwe kwa mashua, mkoba kaukumbatia kifuani, akikilaani kijiji kizima. Alisoma shule ya kijiji kuanzia Septemba 1946 hadi Julai 1952, kisha sekondari ya wasichana mjini hadi mwaka 1957, alikosifiwa kwa mwandiko na kuadhibiwa kwa kuchelewa, na kila alipochelewa alisingizia maji, hata siku ambazo maji yalikuwa yamekupwa na mto wote ni tope tupu.

Septemba 1957 aliajiriwa katika duka na posta ya kijiji, akakaa nyuma ya kaunta ile mpaka alipostaafu tarehe 31 Machi 1999, na kwa miaka yote hiyo alijua nani kaandikiwa barua na nani, nani kaacha kuandikiwa, nani kairudisha bila kuifungua, wala hakuna hata mmoja wetu aliyewahi kusikia neno kutoka kinywani mwake. Naomba hilo mlikumbuke, nitalihitaji baadaye.

Tarehe 14 Septemba 1963 alifunga ndoa katika kanisa hili na Clifford Pettingale, fundi wa mashua, mtu wa mikono mikubwa na maneno machache, saa ya ndoa ikapangwa na maji kama kawaida yetu, na kwa kuwa barabara ilikuwa bado na tope, bibi harusi aliingia na buti za mpira chini ya gauni, jambo lililomkera mama mkwe hadi anakufa. Mungu aliwajalia watoto wawili, Hilary aliyezaliwa tarehe 2 Juni 1966 na Neville aliyezaliwa tarehe 19 Novemba 1969, na wajukuu watatu, ambao wote aliwafundisha kuchuma ile mboga ya chumvi inayoota kwenye tope na kutomwamini mtu yeyote anayesema bado kuna muda.

Mwaka 1974, mzee Silas Grubb alipofariki, halmashauri ya kijiji ilimkabidhi shangazi ubao wa maji, ule uliosimama barabara ya chini inapoanzia, ambao kila asubuhi huandikwa kwa chaki saa ambayo bahari itapanda mto na kuifunika barabara, na chini yake mwandishi hutia herufi za jina lake ili kila mtu ajue wa kumlaumu. Saa hizo hutolewa kwenye kitabu kidogo kinachochapishwa kila mwaka, lakini kitabu hakina habari na mambo yetu ya kusogeza saa, kwa hiyo kuanzia Jumapili ya mwisho ya Machi, tunapozipeleka saa mbele kwa saa moja kwa ajili ya kiangazi, mwandishi hana budi kuongeza saa moja, na hilo hapa kwetu hata mtoto wa chekechea analijua.

Sasa magari. Jumapili ya Matawi, tarehe 27 Machi 1983, saa zimesogezwa usiku uliotangulia, bamvua, yale maji makubwa kuliko yote ya mwezi, limekomaa, ubao ukasema maji yatafika barabarani saa sita, wageni na wenyeji wakapanga magari yao kumi na moja kando ya barabara ya chini, wakaingia kanisani saa nne na nusu na matawi yao mikononi, na saa tano, katikati ya mahubiri, maji yakafika. Tulipotoka, magari yalikuwa yamezama hadi vioo, na gari la Bwana Bertram Oakshott, mwenyekiti wa halmashauri, lililokuwa halijatimiza hata wiki tatu, lilikuwa limegeuka likatazama baharini.

Jumanne yake kiliitwa kikao ukumbini, nami nilikuwa nimekaa nyuma, na Bwana Oakshott alisimama mwekundu kama kaa aliyechemshwa, akasema, "Gari jipya! Jana nimetoa samaki chini ya siti, jamani, samaki mzima! Saa moja nzima mtu anaikosea vipi?" Ndipo Clifford aliposimama, akafungua mdomo, na shangazi akamvuta koti kwa nguvu mpaka kiti kikalia, akamwambia, "Kaa chini, Cliff," kisha akawageukia watu akasema, "Kosa ni langu. Jina langu ndilo lililo pale. Kesho nitaandika tena, anayetaka kuninyang'anya chaki na aje aichukue." Hakuna aliyekwenda. Halmashauri ikampa mwaka mmoja wa kuangaliwa, mwaka ambao haujaisha mpaka leo kwa sababu hakuna aliyekumbuka kuufunga, na kijiji, ambacho hakijui kusahau, kikampa jina la Saa Moja. "Saa Moja, nipe stempu mbili," ndivyo alivyosalimiwa na Bwana Oakshott kila wiki, naye akimjibu, "Chukua, na leo usiegeshe barabara ya chini."

Ndugu zangu, ninayo karatasi hapa, na mwandiko ni wa Clifford. Wiki ile shangazi alikuwa na homa, na mumewe, kwa mapenzi yake, akanakili saa zote za siku kumi zilizofuata kwa herufi kubwa ili asiumize macho, na kwa mapenzi yaleyale akamwongezea saa moja kuanzia Jumapili, asimwambie. Asubuhi shangazi akaamka na homa yake, akachukua karatasi, akafanya wajibu wake, akaongeza saa moja. Wahenga walisema penye wengi hapaharibiki neno, mimi nasema wawili tu walitosha kuzamisha magari kumi na moja.

Kwa nini alinyamaza? Kwa sababu Clifford alikuwa amefungua karakana yake ya mashua miezi mitano tu kabla, na nani kati yenu angempa mashua yake mtu asiyejua maji yanafika lini? Basi shangazi, aliyezitunza siri za barua zenu, akalichukua kosa hilo yeye, na katika miaka yote iliyofuata, kila Jumapili ya kusogeza saa, Clifford aliamka kabla yake, akampikia mayai na samaki wa kukaushwa kwa moshi, akampelekea kitandani, kisha akasimama kando ya ubao hadi amalize kuandika, na watoto walikua wakidhani ni sikukuu ya mama. Clifford alitutoka tarehe 11 Februari 2009, naye amelala hapo nje, na leo mkewe atalala ubavuni mwake.

Shangazi alianza kusumbuliwa na moyo Oktoba mwaka jana, akalazwa hospitali ya mjini tarehe 13 Machi, na Jumatano tarehe 22 aliniita akaniambia, "Gerald, kuna karatasi kwenye kopo la chai la bluu. Wasomee. Ila subiri kwanza niwe nimeshafika kwa Cliff, nataka niwe nimekaa naye nimwone anavyoona haya." Alicheka mpaka muuguzi akaja kuangalia mashine. Jumamosi tarehe 25, Hilary, aliyekuwa akimshikia ubao, alimsomea kitabu kwa ajili ya kesho yake, siku ya kusogeza saa, na shangazi akamshika mkono akasema, "Ongeza saa moja, mwanangu. Moja tu." Hayo ndiyo yaliyokuwa maneno yake ya mwisho, na Jumapili tarehe 26 Machi 2023, saa tisa alasiri, alifariki usingizini akiwa na umri wa miaka themanini na miwili.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliomvumilia, majirani waliolisha paka wake na sisi pia kwa keki za tangawizi zisizoisha, wenzake wa posta, na halmashauri ya kijiji. Wa mwisho tunayemshukuru ni Bwana Oakshott, mwenye miaka tisini na mitatu, aliyekaa hapo mbele. Jana nilimpelekea karatasi hii, akaisoma mara mbili, akasema, "Miaka arobaini namtania mtu asiye na kosa, naye ananiuzia stempu!" Akalia, nasema hivyo kwa ruhusa yake, kisha akaomba chaki. Asubuhi ya leo Hilary alimshika mkono hadi kwenye ubao, mzee akaandika saa ya maji, akaongeza saa moja, na chini yake hakutia herufi zake, alitia A.P.

Maji yalifika kwa saa iliyoandikwa, yametoka, barabara imekauka, na magari yenu yote yako salama. Mwaka wako wa kuangaliwa umekwisha, shangazi. Pumzika kwa amani.