Wigi la Mtani Wetu, Spika Mbanik Faye

Salamu kwanza, maana kwetu mtu haanzi na habari. Salamu kwa Bibi Ngoneh, mkewe Spika, na goti lake linalomsumbua. Salamu kwa Mama Kodou, mama mzazi wa Spika, ambaye nasikia bado anatwanga uwele kwa mkono wake na mashine hataki hata kuiona. Salamu kwa mwanawe Waly na mkewe na yule mtoto mpya, ameshaota jino? Salamu kwa mwanawe mwingine, Adama, aliyeko chuo cha uuguzi, ale vizuri huko. Hata yule mbuzi mwenye pembe moja, aliyekula barua ya Waziri, naye namsalimia. Wote hawajambo? Sisi huku jikoni hatujambo, ila tuna kazi ya kumuaga mtu ambaye hatutaki aondoke.

Ijumaa hii, tarehe 30 Aprili, Mheshimiwa Mbanik Faye anastaafu baada ya kulitumikia Bunge letu miaka thelathini na moja, tisa ya mwisho akiwa Spika. Jarida letu la wafanyakazi lilitafuta mtu wa kuandika wasifu wake. Makarani wakasukumana, kila mmoja anaogopa kukosea cheo. Nikasema nipeni mimi wa kantini. Mheshimiwa ni Mserere, mimi ni Mjola, sisi ni watani tangu mababu. Mimi namwita mtumwa wangu, yeye ananiita mtumwa wake, tunacheka tunaendelea na kazi. Mtani akikosea cheo nani atamshtaki?

Alianza kama tarishi, bendera ya Mwingereza ikiwa bado iko juu. Kazi yake ilikuwa kubeba mto wa Gavana, maana kiti kilikuwa kigumu na Gavana alikuwa na makalio ya wasiwasi. Bendera iliposhuka Gavana alipanda meli, akasahau mto. Mbanik akauliza kila ofisi, huu niupeleke wapi? Hakuna aliyejua. Akauleta jikoni, na mpaka leo paka wetu analala juu yake kama Gavana mwenyewe.

Kanuni za Bunge alijifundisha kwenye kivuko, asubuhi akija na jioni akirudi kwao Niumi. Alisoma kwa sauti, mpaka mabaharia wa kivuko wakawa wanapigiana kelele "kuhusu utaratibu!" mtu akiwakanyaga. Akawa karani, akagombea, akashinda kwa kura kumi na moja, akawa mnadhimu wa chama, mwisho Spika. Ni yeye aliyeruhusu Alhamisi wabunge waseme kwa lugha za mama zao, na Alhamisi ndipo tukajua kumbe wengine wana akili. Ni yeye aliyewapa wafagiaji likizo ya uzazi. Na paa la kantini, lililovuja miaka saba juu ya sufuria yangu ya benachin, wali wetu wa sufuria moja, lilizibwa wiki aliyokalia Kiti.

Sasa niseme la mwanangu, maana bila hilo huu si wasifu.

Ansu wangu aliingia Bungeni miaka sita iliyopita kupitia upinzani, kutoka Foni. Siku ya tatu akasimama kuzungumzia barabara yetu, ile inayomeza magari kila masika. Kura ya barabara ilikuwa Jumanne inayofuata, na kila mtu alikuwa ameshahesabu: ingepita au ingeanguka kwa mtu mmoja. Kengele ikalia. Spika akamwambia, "Mheshimiwa, muda wako umekwisha, kaa."

Mtoto akapandwa na mori. "Nikae? Tangu lini mtumwa wangu ananikalisha? Mla uwele wewe! Hicho kiti babu yangu ndiye aliyekukopesha!"

Bunge zima likacheka. Kisha watu wakakumbuka maneno hayo yamesemwa wapi. Nyumbani ni utani, harusini ni utani, hata msibani. Pale ndani ni kukitukana Kiti, na kanuni inasema miezi sita nje. Katibu akaanza kufungua kitabu. Wa chama tawala wakapiga meza: "Nje! Nje!"

Mimi nilikuwa mlangoni na sinia la chai. Nikajiambia, akitoka huyu barabara imekufa, na barabara ikifa Foni haitamrudisha tena, na atalala kwangu akitazama dari. Mtoto niliyemlea kwa ukaidi wangu mwenyewe!

Spika akalishika wigi lake kwa mikono miwili, lile jeupe la mikunjo tuliloachiwa pamoja na mto, akaliweka mezani karibu na siwa. Kipara kikang'aa. Akashuka ngazi mbili.

"Wigi liko mezani," akasema. "Hapa hakuna Spika, kuna Mserere. Haya, mla wali! Babu yako alikopesha kiti? Babu yako alikuwa anakalia kinu! Na mama yako yule pale mlangoni, mwulizeni kama jana sikumwamuru anipakulie mara tatu, naye akapakua kama mtumwa mwema."

Maneno yakanitoka mdomoni. "Mara nne! Na sahani hukuosha!"

Jamani. Wabunge walishika mbavu. Waziri wa Ujenzi alianguka kitini. Yule mpambe anayebeba siwa, ambaye hajawahi kuonyesha meno, aliyaonyesha yote.

Mheshimiwa akapanda, akavaa wigi, na uso ukarudi kuwa wa Spika. "Mama Ansu, kanuni inakuruhusu chai tu. Mheshimiwa wa Foni, umemtukana Mserere, na Mserere amekujibu. Kiti hakijatukanwa, kwa kuwa Kiti si Mserere wala Mjola. Ila umezidisha dakika mbili. Omba radhi kwa dakika mbili."

Ansu akaomba radhi mpaka dakika nne, Spika akamkatiza tena. Karani wa kumbukumbu rasmi akauliza kwa woga aandike nini kuhusu wigi. "Andika: Spika alisikia joto."

Jumanne barabara ilipita kwa kura moja, kura ya Ansu. Tangu hapo mjadala ukichacha, wabunge wa pande zote hupiga kelele, "Wigi chini!" Anawapa dakika tano za kutukanana vizuri, kisha joto linaisha. Miaka sita hajafukuzwa mtu.

Kwa niaba ya jikoni, wafagiaji, makarani na paka, Mheshimiwa, tunakushukuru. Tunakuombea miaka mingi yenye afya, uwele laini na goti zima la Bibi Ngoneh.

Ila nina wasiwasi. Spika mpya ni mtu mzuri, lakini si Mserere, sisi Wajola tutamtukana nani? Na wewe huko ng'ambo ya mto, nani atakutukana? Mkeo ni mpole mno, utanyong'onyea. Kwa hiyo ile Jumatano ulipokwenda kunawa na kurudi ukakuta wigi uliloliacha kwenye Kiti halipo, usimlaumu mpambe. Mwizi ni Mheshimiwa wa Foni, na aliyemtuma ni mama yake. Wigi liko kwangu, ndani ya sufuria ya rafu ya juu, paka hajaligusa. Mtani hakomboi kwa kumtuma mtu: uje mwenyewe na jogoo mmoja na bakuli la uwele, ukae, nikupakulie mara nne, na sahani utaosha.

Bunge linafunguliwa Jumatatu na Spika mpya hana cha kuvaa kichwani. Tuletee jibu upesi, kwa kivuko cha kwanza.

Mama Ansu Sambou, kantini